Kinga ya majengo dhidi ya wakati: kabla ya kuiwasha, jua jengo limefikia wapi

SWALI: Naandika riwaya ya kubuni ya kisayansi. Ndani yake wahandisi wametengeneza mtambo unaoitwa Kinga. Ukiwashwa, jengo hufunikwa na utando usioonekana, na kuanzia hapo wakati haupiti tena ndani ya kuta zake. Rangi haipauki, zege halipasuki, mbao haziliwi na mchwa, na watu wanaingia na kutoka kama kawaida. Nilimpa mhandisi mmoja sura tatu za mwanzo azisome. Alizirudisha akasema hawezi kuendelea, ila hakunieleza kwa nini. Wewe unayefanya kazi ya kuhifadhi majengo, niambie: nimekosea wapi, na nibadili nini ili msomaji anayejua ujenzi asiifunge riwaya yangu?

JIBU: Ndugu mwandishi, swali lako nimelisoma zaidi ya mara moja, maana linagusa kazi niliyoipenda tangu nilipoanza kushika nyundo.

Sidhani mhandisi huyo aliirudisha riwaya kwa sababu mtambo wako hauwezekani. Watu wa ujenzi tunasoma mambo yasiyowezekana kwa furaha kabisa, mradi yafuate masharti yake yenyewe. Tatizo naliona mahali pengine: umeuchukulia wakati kana kwamba ni kitu kinachokula jengo. Wakati hauli chochote. Wanaokula ni maji, chumvi, hewa, joto, mizigo, wadudu na mikono ya watu, na wakati huwapa tu nafasi ya kufanya kazi yao. Katika nafasi hiyohiyo kuna mambo mengine yanayoendelea kulijenga jengo. Kinga yako inayazima yote kwa mkupuo mmoja, na hapo ndipo anayejua kazi hii anapokwama.

Nikuonyeshe kwa karibu. Nikiitwa kukagua nguzo ya zege iliyosimama miaka arobaini, cha kwanza kutoka mfukoni ni nyundo ndogo. Naigonga nguzo kuanzia chini kwenda juu huku nimetega sikio. Zege zima hulia kavu na kali. Penye ugonjwa sauti huwa nzito na yenye uwazi ndani yake, kama mtu anayegonga kasha tupu. Hapo nabandua kipande, napuliza vumbi, kisha nakipulizia kidonda hicho kibichi dawa inayoitwa fenofthalini, ambayo hugeuka waridi penye ualkali mkubwa tu. Baada ya sekunde chache sehemu ya ndani inageuka waridi iliyokolea, na sehemu ya nje inabaki na kijivu chake. Kati ya rangi hizo mbili unatokea mpaka ulio wazi kama mstari wa kalamu. Nachukua rula na kupima umbali kutoka uso wa nguzo hadi kwenye mstari huo.

Kwangu mimi huo ndio umri wa nguzo, hata kama hati za jengo zinasema vingine. Zege jipya lina ualkali mkubwa, yaani kinyume cha uasidi, pH yake (kipimo cha uasidi na ualkali) ikiwa kati ya 12 na 13, na katika hali hiyo nondo huvikwa utando mwembamba mno unaoikinga na kutu. Kaboni dioksidi ya hewani hupenya polepole kupitia vitundu vya zege, hukutana na chokaa iliyomo ndani ya saruji, na kila inapofika ualkali unashuka. Mstari ule ukiifikia nondo, na unyevu ukiwepo, utando unavunjika na kutu inaanza. Kutu huchukua nafasi mara mbili hadi sita ya chuma kilicholiwa, kwa hiyo zege linasukumwa kutoka ndani mpaka linapasuka. Mwendo wa mstari una tabia inayofaa kuwekwa kwenye riwaya: unapungua kadiri unavyoingia ndani. Ukiwa umekwenda milimita 5 kwa miaka 4, utafika milimita 10 mwaka wa 16, na milimita 20 mwaka wa 64. Fundi aliyeifunika nondo kwa milimita 40 badala ya 20 ameongeza muda huo mara nne, wala si mara mbili. Tofauti yote hiyo inapatikana kwa kidole kimoja cha zege, ukikipa heshima siku ya kumwaga.

Sasa tuuchukue mtambo wako kama ulivyouandika, yaani wakati umesimama kabisa ndani ya utando. Humo hakuna kinachosogea. Hewa haitembei, hivyo hakuna wa kuivuta. Bawaba haizunguki. Mwanga ukifika hauendelei, kwa hiyo jengo litaonekana kama giza tupu au kama kioo, uchague mwenyewe. Anayeingia “kama kawaida” anabaki ameinua unyayo mpaka siku mtambo utakapozimwa. Hapo umehifadhi jiwe lenye umbo la nyumba.

Pengine utasema basi wakati usisimame, upunguzwe mwendo tu. Hilo fizikia inalijua. Mwaka 2010 wanasayansi wa NIST, taasisi ya vipimo ya Marekani, waliweka saa mbili za atomu zikitofautiana kimo kwa sentimita 33 tu, wakaona ya juu inakwenda kasi kuliko ya chini, kama nadharia ya Einstein inavyodai. Paa lako linazeeka haraka kuliko msingi wako, ingawa kwa kiasi ambacho hakuna jicho litakaloona. Lakini fanya hesabu hii. Tuseme sekunde moja ndani ya utando ni saa nzima nje. Jua la mchana hushusha takriban wati 1,000 katika kila mita ya mraba. Mwanga wa saa nzima sasa unaufikia ukuta ndani ya sekunde yake moja, sawa na pasi 3,600 za umeme zilizobanwa kwenye mita moja ya mraba. Rangi inaungua, mbao zinawaka. Upepo mwanana wa mita 3 kwa sekunde unaupiga ukuta huo kwa zaidi ya kilomita 10 kwa sekunde. Sehemu hii hata hivyo ina dawa: andika kwamba utando unachuja mwanga na upepo, msomaji atakukubalia aendelee.

Lililo gumu ni lile jingine, la mambo yanayojenga.

Jengo halijamalizika siku linapokabidhiwa. Zege hupimwa nguvu siku ya 28 kwa sababu lazima tuwe na siku ya kupimia, ila saruji na maji huendelea kushikana ndani yake kwa miezi na miaka. Sakafu inatoa unyevu wake taratibu, na aliyewahi kubandika mbao juu ya sakafu mbichi ameziona zikijikunja kama majani makavu. Zege linanywea. Nguzo zinafupika kidogo chini ya mzigo. Halafu kuna chokaa, ninayoipenda kuliko vifaa vyote vya ujenzi. Jiwe lake linachomwa kwa joto la takriban nyuzi 900, linatoa kaboni dioksidi, linazimwa kwa maji, linapakwa ukutani. Kisha kidogokidogo linaivuta tena hewa ileile liliyoitoa na kurudi kuwa jiwe. Katika ukuta mnene kazi hiyo inaanzia nje kuelekea ndani na huchukua miaka mingi sana. Tazama vizuri hapo: kaboni dioksidi inayoiharibu nondo ndiyo inayoikomaza chokaa. Kinga yako inasimama mlangoni, hewa moja inabisha hodi kwenye nyumba mbili. Itajuaje imkatalie nani?

Mfano mkubwa kuliko yote ni mnara unaoinama wa Pisa, kule Italia, nao nakushauri uukalie muda mrefu, maana riwaya yako imelala pale. Ujenzi ulianza 1173 juu ya udongo laini. Mnara ulipofika orofa ya tatu, karibu 1178, kazi ikasimama, na ikakaa hivyo karibu miaka mia moja. Mwaka 1272 wakaanza tena, wakasimama tena kabla ya mwisho wa karne hiyo, na chumba cha kengele kikamalizika karibu na 1370. Watu hudhani kusimama kule kulikuwa bahati mbaya. Ukweli ni kwamba ndiko kulikouokoa mnara. Udongo wa mfinyanzi uliojaa maji ni kama sifongo chenye vitundu vidogo mno. Ukiuwekea mzigo, maji yanaubeba mzigo huo kwanza, na udongo wenyewe bado ni dhaifu. Maji yanapokamuliwa na kuondoka, punje zinasogeleana na udongo unapata nguvu. Kukamuliwa huko hakuna njia ya mkato, kunataka miaka. Wataalamu wa udongo waliouchunguza mnara huo wamefikia kauli moja: kama wajenzi wangeupandisha moja kwa moja hadi juu, udongo ungeshindwa na mnara ungeanguka. Miaka ile mia moja ya ukimya ilikuwa sehemu ya ujenzi, japo hakuna aliyeiandika kwenye mchoro.

Fikiria sasa Kinga imewashwa pale mwaka 1178, kwa nia njema, ili orofa tatu zisiharibike zikingoja. Kama utando unaushika na udongo, maji hayakamuliwi. Mwaka 1272 inazimwa, mafundi wanapandisha mawe juu ya udongo dhaifu uleule wa siku ya kwanza, na mnara unaanguka juu ya vichwa vyao. Hiyo ni sura nzima ya riwaya, tena ya kutisha, na kila kitu ndani yake ni kweli isipokuwa mtambo.

Pisa ina somo jingine. Mwaka 1934 walitoboa msingi na kuingiza saruji kwa wingi ili kuuimarisha, na mnara ukazidi kuinama. Ulifungwa kwa wageni mwaka 1990. Kilichofanikiwa hatimaye ni kazi ya upole wa ajabu: kuchota udongo kidogokidogo chini ya upande wa kaskazini, ule ulioinuka, mpaka mnara ukarudi nyuma wenyewe kwa karibu nusu mita pale juu. Ukafunguliwa tena Desemba 2001. Waliouokoa hawakuuzuia usisogee. Waliuacha usogee upande unaofaa.

Nina kosa langu la aina hii, nami nalieleza kwa sababu bado linaniuma. Miaka yangu ya mwanzo tulipewa ukuta mnene wa mawe na chokaa, mkongwe, wenye madoa ya unyevu na plasta iliyokuwa ikidondoka kila mwaka. Mwenye jengo alitaka ukuta usiguswe tena na mvua. Kampuni iliyopewa kazi ilishauri rangi isiyopitisha maji, nami nikatia saini. Kwa mwaka mmoja ukuta ulipendeza. Baada ya misimu kadhaa ya mvua rangi ikaanza kuvimba malengelenge. Niliingiza ukucha chini ya lengelenge moja, likatoka zima kama kigaga cha kidonda, na nyuma yake jiwe lilikuwa limegeuka unga. Juu ya unga huo kulikuwa na sindano nyeupe za chumvi, nyembamba kama nywele za mtoto mchanga.

Maji hayakuwa yakitoka kwenye mvua ya mbele. Yalikuwa yakipanda kutoka ardhini, na zamani yalipumulia nje kupitia plasta ya chokaa. Chumvi iliyokuja nayo ilikauka ndani ya plasta hiyo, plasta ikapasuka na kudondoka, fundi akapaka nyingine. Tulipoziba uso, maji yalibaki ndani na chumvi ikakaukia kwenye jiwe lenyewe. Jiwe halipakwi upya. Ile plasta iliyodondoka kila mwaka tuliiona ni ugonjwa, kumbe ilikuwa inaumia kwa niaba ya ukuta.

Nilipolielewa hilo ndipo nilipokielewa kisa cha mwanakemia Mwingereza Humphry Davy, na sijui kisa kingine kinachoifaa Kinga yako zaidi ya hiki. Katika miaka ya 1820 Davy aliombwa na jeshi la majini la Uingereza aokoe mabamba ya shaba yaliyofunika matumbo ya meli, maana maji ya bahari yalikuwa yakiyala. Aliunganisha vipande vya zinki na chuma kwenye shaba. Metali hizo zikaliwa badala ya shaba, na shaba ikabaki nzima. Kisayansi alipatia kabisa, na njia hiyo inatumika hadi leo kwenye mabomba, meli na nondo za madaraja. Lakini meli zikaanza kwenda polepole. Matumbo yake yalijaa mwani na viumbe wenye magamba wanaojigandisha kwenye meli. Kumbe shaba ilipokuwa ikiliwa ilitoa sumu kidogo majini, na sumu hiyo ndiyo iliyowafukuza viumbe hao. Kuharibika kwake kulikuwa kazi yake. Davy alikizuia kile kilichokuwa kikiifanya shaba ifae, na haikuchukua muda mrefu vikinga vyake vikaondolewa.

Kwa hiyo nakushauri Kinga yako isiuzuie wakati. Iwe inachagua. Iwe na orodha ya mabadiliko inayoyakataa na inayoyaruhusu, na orodha hiyo iandikwe na watu, wanaoweza kukosea. Ukiniuliza ianze na nini, nitasema maji, na ya pili nitasema maji tena. Kuvu wanaooza mbao wanahitaji unyevu, mbao ikibaki chini ya takriban asilimia 20 ya unyevu hawapati pa kuanzia. Kutu inahitaji maji. Chumvi husafiri ndani ya maji. Hata mchwa wengi wanatafuta ardhi yenye unyevu. Mtambo unaojua maji yako wapi ndani ya jengo, yanakwenda wapi na yamekaa kwa muda gani, tayari umefanya sehemu kubwa ya kazi, na sisi wahifadhi tungeugombania.

Usiifanye lakini ikatae maji yote. Kuba la Pantheon kule Roma lina upana wa takriban mita 43, limejengwa kwa zege lisilo na nondo, na limekaa karibu miaka 1,900. Mwaka 2023 watafiti wa MIT, chuo kikuu cha teknolojia cha Marekani, na wenzao walieleza sababu mojawapo ya uimara wa zege la Waroma. Ndani yake kuna vipande vyeupe vya chokaa ambavyo zamani vilidhaniwa ni uchanganyaji wa kizembe. Ufa ukikipitia kipande hicho na maji yakaingia, chokaa inayeyuka, inasafiri na kuganda ndani ya ufa. Kwenye majaribio yao nyufa ziliziba ndani ya wiki mbili. Nako Uholanzi, katika chuo kikuu cha Delft, Henk Jonkers aliweka ndani ya zege vijimbegu vya bakteria vinavyolala vikavu kwa miaka, na vikiguswa na maji ya ufa vinaamka na kutengeneza chokaa. Njia zote mbili zinataka maji yaingie kidogo ndipo tabibu aamke. Kinga isiyopitisha hata tone ingemwacha tabibu amelala, na siku utando utakapotoboka jengo halitakuwa na mwenyeji wa kulitibu.

Wape pia wahandisi wako kitu kinachoumia. Kama zinki ya Davy, kama plasta yangu, uchakavu unaokataliwa na jengo uende mahali. Labda kila jengo lenye Kinga lina bamba katika chumba cha chini, na bamba hilo linazeeka kwa niaba ya nyumba nzima, linapauka, linapasuka, linabadilishwa. Nani analibadilisha? Nini kinatokea likisahauliwa? Msomaji mhandisi ataliamini bamba hilo papo hapo, kwa sababu ameishi nalo kwa majina mengine.

Kuna mpaka wa utando pia, ambao naona hukuugusa. Utando unaishia wapi? Ardhi chini ya jengo inaendelea kupanda na kushuka na misimu, mabomba ya maji yanaingia kutoka mtaani, jengo la jirani linatitia. Kitu kigumu kisichobadilika kikishikamana na kitu laini kinachobadilika, nyufa zinatokea pale vinapokutana. Wajenzi wa Parthenoni, hekalu la kale la Athene, karne ya 5 kabla ya Kristo, walifunga mawe kwa vishikizo vya chuma wakavimiminia madini ya risasi pembeni. Risasi ililinda chuma na maji na kukipa nafasi ya kujinyoosha. Mwanzoni mwa karne ya 20 mhandisi Nikolaos Balanos alilikarabati hekalu kwa vishikizo vya chuma bila risasi ile. Vikashika kutu, vikavimba, vikayapasua marumaru ambayo yalikuwa yamevuka zaidi ya miaka 2,000. Waliofuata wamelazimika kuvitoa kimoja kimoja na kuweka vya titani. Weka uharibifu wako mpakani hapo: kwenye bomba linaloingia, kwenye ngazi ya mlangoni ambayo nusu yake iko ndani na nusu nje, ya nje imelika kwa nyayo na ya ndani bado ina makali siku zote. Watu watajikwaa hapo.

Kuhusu watu sitasema mengi, wewe unawajua wahusika wako. Ila kumbuka majengo mengi hayafi kwa uzee. Kituo cha reli cha Pennsylvania jijini New York kilifunguliwa 1910, chenye nguzo za graniti ambazo zingekaa karne nyingi, na 1963 kikaanza kubomolewa kwa sababu ardhi yake ilitakiwa kwa biashara nyingine. Kinga isingekisaidia. Na kumbuka mafundi. Hekalu la Ise nchini Japani hujengwa upya kila baada ya miaka 20, mara ya mwisho ikiwa 2013, kwa hiyo daima yupo seremala aliyewahi kulijenga na kijana anayejifunza kwake. Mji wako wenye Kinga kwa miaka 200 hauna mtu hata mmoja aliyewahi kuziba paa. Siku mtambo utakapozimika, nani atajua chokaa inazimwaje?

Umeniuliza ubadili nini. Ningebadili siku ya kuwasha, kwa sababu umeandika kwamba Kinga huwashwa siku ya uzinduzi, bendi ikipiga. Siku hiyo jengo lako bado bichi. Methali inasema usipoziba ufa utajenga ukuta, na ni kweli, ila fundi mzuri kabla ya kuziba hutaka kujua kama ufa bado unatembea. Zamani tulikuwa na njia rahisi, na mpaka leo naitumia pale vipimo vya kisasa visipopatikana. Unachukua kipande cha kioo chembamba, urefu wa kidole, unakilaza juu ya ufa na kubandika ncha zake mbili kwa plasta, moja kila upande. Pembeni unaandika tarehe kwa penseli. Kisha unaondoka. Jengo likisogea hata kidogo sana, kioo kinakatika.

Mpe mhandisi wako mkuu vipande hivyo, na ngazi, na daftari. Azunguke kila baada ya miezi mitatu, mwaka wa kwanza, wa pili, wa tano, huku meya akimsukuma na wenye nyumba wakilalamika kwamba rangi zao zinapauka bure. Kila anapokuta kioo kimekatika abandike kingine, aandike tarehe mpya, amwambie meya bado. Sura yako ya nne ianze asubuhi anapopanda ngazi hadi kwenye ufa wa mwisho, anafuta vumbi kwa kidole gumba, na anakuta kioo ni kizima na tarehe yake imefifia hata haisomeki.